Kalenda yangu ya sauti ilizidi kwa siku tano

Juzi usiku msomaji mmoja ameniandikia. Anatunga riwaya ya fantasia ambayo watu wake huhesabu siku kwa muziki. "Majina ya miezi 12 ninayo, yote mazuri," anasema, "lakini kalenda imelala tu. Nifanyeje?" Nimesoma ujumbe ule mara tatu, maana miaka sita iliyopita ningeweza kuuandika mimi. Nilimjibu mistari miwili, kisha nikaona sijamtendea haki.

Kalenda yangu ya kwanza ilikuwa nadhifu mno. Oktava, yaani ngazi ya sauti kutoka do hadi do inayofuata, ina noti 12, mwaka una miezi 12. Wiki ina siku saba, nazo do, re, mi, fa, so, la, ti ni saba. Kwenye piano, vibonye saba vya oktava ni vyeupe na vitano ni vyeusi, basi miezi saba nikaifanya ya kilimo na mitano ya vita. Niliichora kwa kalamu za rangi, duara ndani ya duara, na kila niliyemwonyesha alisifu. Nikaandika riwaya nzima juu yake, nikaipeleka kwa mhariri mmoja.

Alijibu kwa sentensi moja: kalenda ni nzuri, ila hakuna anayeishi ndani yake.

Iliniuma, na sitajifanya kwamba imekwisha kuniuma. Angeongeza sentensi ya pili tu, akaniambia tatizo liko wapi, angeniokolea muda mrefu. Hakuongeza. Muswada nikaufungia sandukuni, sikuandika chochote kwa miezi mingi, na miezi hiyo haina cha kusimulia.

Kilichonirudisha ni piano kuukuu niliyokuwa najifunza kuityuni kwa sikio. Njia ya zamani ni hii: unaanza na do, unatafuta so yake, yaani noti ya tano, unakaza waya mpaka noti mbili zitulie kama maji mtungini. Kutoka so unatafuta noti ya tano yake, na ukizidi juu unashuka oktava moja. Ukifanya hivyo mara 12 umegusa noti zote, na hatua ya mwisho inatakiwa ikurudishe kwenye do uliyoanzia. Hatua 11 za kwanza ziliimba. Ya 12 ikalia. Nilibonyeza noti zile mbili pamoja na sauti ikatetemeka, wau-wau-wau, kama mnyama aliyefungiwa. Nikadhani nimekosea, nikarudia tangu mwanzo. Ikalia tena.

Sikuwa nimekosea. Kwa kasi ya mtetemo wa waya, hatua ya noti ya tano ni uwiano wa 3 kwa 2, na oktava ni 2 kwa 1. Zidisha 3/2 kwa yenyewe mara 12 upate kama 129.75. Oktava saba ni 2 iliyozidishwa kwa yenyewe hivyohivyo mara saba, yaani 128. Hazilingani, wala hazitalingana kamwe. Mabaki hayo huitwa koma ya Pythagoras, na ile hatua inayolia mafundi wa Ulaya waliipa jina la mbwa mwitu.

Sasa sikiliza. Miezi 12 ya siku 30 ni siku 360. Jua linataka 365 na kama robo. Wamisri wa kale walikuwa na miezi hiyohiyo 12 ya siku 30, wakaongeza siku tano mwishoni, na Ethiopia hadi leo ina mwezi wa 13 wenye siku 5, au 6 katika mwaka mrefu. Mimi nami nilikuwa nimezibandika siku tano mwishoni mwa duara langu na kuziita sherehe, bila sababu yoyote. Usiku ule nikachukua kikokotoo, nikazidisha 360 kwa koma: 129.75 gawanya kwa 128. Jibu likaja 364.9.

Nilisimama. Ni sadfa, najua, jua halipigi piano. Lakini siku zangu tano zilikuwa ndani ya muziki wenyewe, na mimi nilizibandika kwa gundi kama pambo. Na tazama lugha yetu ilivyo tajiri: koma ni alama ya mkato, kukoma ni kuacha, na koma ni mizimu ya waliotutangulia. Siku za Koma zikajitunga zenyewe. Ngoma zinalazwa, nyuzi zinalegezwa, hakuna anayepiga mluzi hata kwa mtoto, kwa sababu siku hizo wafu ndio wanaosikilizwa. Nikamwona mama mzee, mlinzi wa kinubi cha mji, anazungusha vigingi kimoja kimoja kwa kidole gumba, na waya unashuka huku ukinung'unika mpaka unanyamaza. Nikamwona msichana aliyezaliwa ndani ya ukimya huo. Kila mtu mjini ana noti yake ya kuzaliwa, huitwa kwayo harusini na kaburini. Yeye hana. Huyo ndiye aliyenipa riwaya, na leo wasomaji wengi wanaoniandikia huulizia habari zake kabla ya kuulizia vita vyangu vyote.

Kwa hiyo ndugu yangu, acha majina kwanza. Tafuta pale kalenda yako inapolia, pale hesabu inapokataa kufunga, ukae hapo. Waandishi wa ulimwengu wa kubuni tunapenda mno mambo yanayolingana. Tunapaka rangi duara, tunajisifu, tunasahau kuwa mtu anaishi kwenye ufa. Anza na sikio. Nani anagonga kengele ya siku, na akiugua nani anashika nafasi yake? Bondeni ambako sauti ya ngoma haifiki, leo ni tarehe ngapi? Kiziwi anajuaje kuwa mwezi umebadilika? Wa kwangu huweka kiganja juu ya ngozi ya ngoma kuu, na huijua siku kabla ya wenye masikio hawajakubaliana. Ukiwa na majibu ya maswali kama haya, majina yatakuja. Usipokuwa nayo, hata majina mia hayatakusaidia, narudia, hayatakusaidia.

Umeniambia mwezi wako wa tatu unaitwa Zeze. Fumba macho usiku huu, uingie katika asubuhi ya kwanza ya mwezi huo, kabla hakujapambazuka. Kisha niandikie: nani yuko macho, na anasikia nini?