Anza na sura ya 7

Mdogo wangu, umeuliza uanzie wapi kumsoma Milton Friedman, mchumi wa Marekani, kuhusu benki kuu, na kama utamwelewa bila kujua hesabu nyingi. Utamwelewa. Tafuta kitabu alichoandika na mchumi mwenzake Anna Schwartz mwaka 1963, A Monetary History of the United States, ila usianze ukurasa wa kwanza. Ni kinene, utachoka mapema. Nenda moja kwa moja sura ya 7, inayohusu miaka ya 1929 hadi 1933.

Hapo soma polepole kisa cha Bank of United States ya New York. Ilikuwa benki ya watu binafsi, jina tu ndilo lililofanana na la serikali. Ilipofungwa Desemba 1930, wateja zaidi ya 400,000 walikwama na akiba zao. Benki nyingi zaidi zikafuata, watu wakakimbilia kutoa pesa zao, na kila noti iliyofichwa nyumbani ilibana mikopo. Kufikia 1933 fedha katika uchumi wa Marekani zilikuwa zimepungua kwa karibu theluthi moja. Benki kuu ya Marekani ilikuwa na uwezo wa kuzuia hayo, Friedman na Schwartz wanasema, ikazembea. Hoja hiyo naikubali kabisa.

Ushauri wa Friedman kwamba fedha ziongezwe kwa kiwango kilekile kila mwaka, huo upime. Miaka ya 1980 majaribio ya kudhibiti ukuaji wa fedha yalileta shida.

Kisha soma hotuba ya Ben Bernanke ya Novemba 2002, katika hafla ya kumheshimu Friedman kwa kutimiza miaka 90. Akiwa kiongozi ndani ya benki kuu hiyohiyo, alikiri kosa mbele yake.