Maswali yenu: Eliza, Profesa na zile sapatu

Tangu nilipoigusia Pygmalion, sinema ya Kiingereza ya mwaka 1938 iliyotokana na tamthilia ya Bernard Shaw, ambamo Profesa Higgins anamfundisha Eliza, muuza maua, kusema kama bibi mkubwa, maswali hayajakatika, na mengi ni swali lile lile moja. Hilo nimeliweka mwisho makusudi. Wenye haraka wasubiri.

Natafuta My Fair Lady ya mwaka 1938, siioni. Nitumie kiungo. (Msomaji, Mwanza)

Huioni kwa sababu haipo. My Fair Lady ni mchezo wa nyimbo wa mwaka 1956, ukafanywa sinema mwaka 1964, Audrey Hepburn akiwa muuza maua. Ya 1938 ni Pygmalion, yenye Wendy Hiller na Leslie Howard. Wiki haipiti bila mtu kuzichanganya. Na viungo sitoi. Nakala nyingi nilizoziona zikizagaa zina sauti ya kukwaruza, na sinema hii ukiinyang'anya sauti umebaki na watu wanaokunywa chai.

Mbona haina rangi?

Ni ya 1938, ndugu yangu.

Ni kweli Bernard Shaw alipata Oscar? Mimi namjua kwa tamthilia tu. (Mwalimu, Morogoro)

Kweli kabisa, mwalimu. Nobel ya fasihi alipewa ya mwaka 1925, na Oscar aliipata kwa kuiandikia sinema hii maneno yake, pamoja na wenzake walioshughulikia kazi hiyo, akiwa ameshavuka miaka 80. Aliyefuata kuzipata zote mbili ni Bob Dylan, pale alipopewa Nobel mwaka 2016. Msimsahau pia mhariri wa picha: ni David Lean, yule yule aliyekuja kuongoza Lawrence of Arabia. Tazameni sehemu ya mafunzo, Eliza anavyojazwa goroli mdomoni, anameza moja, na Profesa Higgins anamwambia asijali, ziko nyingine. Hakuna picha inayokaa zaidi ya inavyostahili. Watengenezaji wetu wa tamthilia za sehemu 80 wangeitazama mara mbili.

Kwa nini madijei wa vibanda umiza hawajaitafsiri? Ingeuza! (Msomaji, Mbagala)

Ataitafsirije? Sinema nzima imesimama juu ya lafudhi. Eliza anauza maua Covent Garden, sokoni London, kwa Kiingereza cha Cockney, lafudhi ya walalahoi wa mji huo, kinachomeza "h" na kupinda irabu. Profesa wa fonetiki, yaani elimu ya matamshi, anajigamba kwamba kwa miezi michache atampitisha kuwa bibi wa ukoo mkubwa. Dijei akimwacha Eliza aseme Kiswahili cha redioni tangu mwanzo, hakuna kisa. Ingebidi aanze na "abari" na "zambi", kisha afundishwe "habari" na "dhambi". Hapo ndipo tungecheka, na hapo ndipo ningependa tujiulize tunamcheka nani. Nimekaa kwenye mikutano ambamo mtu mwenye hoja nzito alikatishwa kwa kicheko kwa sababu "r" yake ilikuwa "l". Aliyecheka hakuwa na hoja hata moja.

Lakini utamu wenyewe uko kwenye dhifa ya ubalozi, ambayo Shaw aliiandika kwa ajili ya sinema. Karpathy, mwanafunzi wa zamani wa Higgins, anapewa kazi ya kumpeleleza Eliza. Anarudi kifua mbele: huyu si Mwingereza, ni binti mfalme wa Hungaria! Ushahidi? Kiingereza chake ni safi mno. Mwingereza halisi hasemi hivyo, anasema hivyo aliyefundishwa. Nani kati yetu hajamtambua mgeni kwa usanifu wa Kiswahili chake, anapouliza bei ya nyanya sokoni kama anasoma taarifa ya habari?

Naweza kuitazama na wanangu? Nasikia ina matusi. (Mama wa watoto watatu, Nakuru)

Tusi ni neno moja, "bloody", lililowashtua watu wa London jukwaani mwaka 1914. Wanao wamesikia makubwa zaidi kwenye matatu. Mimi ningejiandaa zaidi kumweleza baba yake Eliza, mzee Doolittle, anayekuja kudai pauni 5 ili binti abaki kwa Profesa. Mara ya kwanza nilicheka. Mara ya pili nilikuwa nimeshakuwa na binti.

Eliza na Profesa walioana au hawakuoana? (Wasomaji, kila mahali)

Hawakuoana. Shaw alikataa tangu tamthilia ilipochezwa London. Mwigizaji wa Higgins, Herbert Beerbohm Tree, alipoanza kumrushia Eliza maua mwisho wa mchezo, Shaw alikasirika. Akaandika maelezo marefu kitabuni kuweka wazi kwamba Eliza anaolewa na Freddy, kijana asiye na kitu, na wanafungua duka la maua. Waliotengeneza sinema waliogopa kuwaudhi wakata tiketi, wakamrudisha Eliza, aliyekuwa ameshaondoka, nyumbani kwa Higgins. Higgins anamsikia, hageuki, anavuta kofia usoni na kuuliza sapatu zake ziko wapi. Wengi wenu mmeniandikia kwamba hayo ni mapenzi. Dada mmoja wa Tanga anaita "mwisho mtamu". Mtamu kwa nani, dada? Binti kashinda dhifa nzima, kajifunza kusema kama malkia, halafu anaulizwa sapatu na mtu ambaye hata shingo hakugeuza.

Atakayeuliza tena, nitamtumia anwani ya duka la Freddy.