Nimefagia barabara zaidi ya miaka 10, sasa niko peminenti?

SWALI: Asalaam aleikum. Naishi Likoni, nafagia barabara na kuzoa taka chini ya idara moja ya serikali tangu 2014. Saa kumi na moja alfajiri nishapanda feri, nikifika natia sahihi kwa kitabu cha supavaiza, pesa yaingia kwa simu mwisho wa mwezi, peislipu sijawahi kuiona. Likizo pia sijui ladha yake, huyu mwanangu wa mwisho nilimzaa nikakaa nyumbani bila senti. Juzi tukaambiwa kuna orodha mpya na asiyekuwa na jina asije tena, langu halimo. Kijana wangu akanionyesha meseji ya WhatsApp ati kibarua akifika miaka 10 serikali lazima imwajiri peminenti. Ni kweli? – Mfagizi, Likoni

JIBU: Waleikum salaam mamangu, pole sana. Hiyo meseji hata mie nimetumiwa mara tatu. Miaka 10 ni mambo ya India, si yetu. Kule Mahakama ya Juu kwenye kesi ya Umadevi mwaka 2006 ilisema kibarua wa serikali hawezi kudai kazi ya kudumu ati kwa sababu tu amekaa sana, ila wale waliokuwa wameshafanya miaka 10 kwenye nafasi zilizoidhinishwa serikali iwaangalie, tena mara moja tu. Aliyeisambaza ameikata kichwa na mkia.

Huku kwetu Kenya shika Sheria ya Ajira ya 2007, kifungu cha 37. Kibarua kisheria ni mtu wa kulipwa jioni ya siku hiyo hiyo na hachukuliwi zaidi ya saa 24. Ukifanya mfululizo siku zikafika mwezi mmoja, au kazi yenyewe si ya kuisha ndani ya miezi 3 (na taka za Mombasa zitaisha lini jamani), wahesabiwa mfanyakazi wa mwezi, na ukipita miezi 2 zaja haki zake: likizo siku 21 kwa mwaka, uzazi miezi 3 na mshahara, notisi ya siku 28 kwa maandishi, na hutolewi bila sababu wala bila kusikizwa. Serikali nayo imo ndani, asikwambie mtu sheria hii ni ya wenye maduka peke yao.

Lakini peminenti na penshoni ni mlango mwengine. Katiba kifungu cha 232 yataka kazi za umma zitolewe kwa ushindani wa haki, na kaunti huajiri kupitia bodi yake, nafasi itangazwe watu waombe. Kwa hivyo jaji aweza kusema ulikuwa wa mwezi na ulipwe haki zako, kukupa nafasi ambayo haikutangazwa ndiyo ngumu. Yaniuma kukuandikia hivi, ila bila hiyo kanuni kila mwenye shemeji ofisini angeingizwa kibarua leo, kesho ashakuwa na penshoni.

Unajua neno kibarua latoka kwa barua, zamani mtu alipewa kijikaratasi cha siku. Wewe hata hicho hukupewa, basi jitengenezee chako. Nenda katoe stetimenti ya pesa zote za simu tangu 2014, kama kuna mwenzio alipiga picha ukurasa wa kitabu kile mwombe, na ile reflekta yako usiirudishe kabla hujaipiga picha. Rekodi za kazi ni jukumu la mwajiri kuziweka, akishindwa kuzileta kesini hilo lamgeukia yeye. Kwa afisa wa leba peleka malalamiko ndani ya miezi 3 tangu utolewe, kortini una miaka 3 lakini usiingoje, na usiende peke yako, nendeni wote ambao majina hayamo. Na siku bodi ikitangaza nafasi za wafagizi, omba, hiyo miaka uiandike juu kabisa.