Kihesabio kinasema oili ni chafu, spektrometa inasema iko sawa: nishike lipi?

Swali

Habari za kazi, fundi. Nasimamia matengenezo ya giaboksi kadhaa zinazotumia oili ya madini ya VG 220 (daraja la uzito wa oili). Ripoti ya mwezi huu kutoka maabara imenichanganya. Kwenye giaboksi moja, kihesabio cha chembe cha leza kimetoa 23/22/21, na miezi mitatu iliyopita kilitoa 20/18/15. Lakini spektrometa inaonyesha chuma ppm 38 (sehemu 38 kwa milioni), ilhali mara ya mwisho ilikuwa 35. Shaba na kromu hazijapanda. Mlio wa giaboksi ni uleule na joto halijabadilika. Mkubwa wangu anataka tuifungue, mimi nasita. Kifaa kipi kinadanganya? Na jambo la pili: tumeruhusiwa kununua kifaa kimoja cha kupimia hapa kwetu. Tuchukue kihesabio?

Jibu

Salama, ndugu. Hakuna kinachodanganya. Kila kifaa kimejibu swali lake, ila lako hakijaulizwa hata kimoja. Wewe unataka kujua ni kitu gani kilichomo kwenye oili na kimetoka wapi. Kihesabio kinajua kuhesabu vivuli tu, na spektrometa inajua kuchoma kilicho kidogo tu.

Nianze na zile namba tatu, kwa sababu zenyewe zimeshatoa fununu. Katika mfumo wa ISO 4406, namba ya kwanza ni ya chembe za mikroni 4 na zaidi (mikroni ni elfu moja ya milimita) katika mililita moja ya oili, ya pili ni za mikroni 6 na zaidi, ya tatu ni za mikroni 14 na zaidi. Kila ukipanda namba moja, idadi inaongezeka maradufu. Kwa hiyo 15 yako ya zamani maana yake ni chembe kubwa kati ya 160 na 320 kwa mililita, na 21 ya sasa ni kati ya 10,000 na 20,000. Ongezeko hilo ni la mara 64 hivi. Lakini kilichonishtua zaidi ni jinsi namba zako zilivyokaribiana. Kwa kawaida chembe ndogo huwa nyingi na kubwa huwa chache, ndiyo maana 20/18/15 inashuka kwa hatua ndefu. Ukiona 23/22/21 ujue kuna kitu kinachotupa vivuli vikubwa kwa wingi usio wa kawaida. Kinaweza kuwa vipande vya chuma. Mara nyingi zaidi ni hewa au maji.

Kihesabio cha leza hupitisha oili kwenye mfereji mwembamba wa kioo. Upande mmoja kuna leza, upande wa pili kuna sensa ya mwanga. Chembe ikipita, mwanga hupungua na volti hushuka, kisha mashine hutafsiri mshuko huo kuwa kipenyo cha duara lenye eneo sawa na kivuli. Basi, hakuna zaidi ya hapo. Kivuli hakisemi ni cha nani: kiputo cha hewa kina kivuli, tone la maji lina kivuli, hata vitone vya silikoni vinavyotiwa kwenye oili ili isitoe povu vina kivuli. Niliwahi kusimamisha mashine nzima kwa sababu ya namba ya kihesabio, tukafungua, meno ya gia yakawa yanang'aa kama mapya. Ilikuwa ni hivyo vitone vya silikoni. Tangu siku hiyo sifungui kitu kwa namba peke yake.

Kuna mengine mawili ya kihesabio ambayo wauzaji hawayasemi kwa sauti. Chembe zikiwa nyingi mno, mbili hupita pamoja na kuhesabiwa kama moja kubwa, na kwa idadi kama yako hilo si jambo la kupuuza. La pili ni umbo. Chukua unyuzi wa chuma wenye urefu wa mikroni 100 na upana wa mikroni 5. Eneo lake ni mikroni mraba 500, na duara lenye eneo hilo lina kipenyo cha mikroni 25 tu. Kihesabio kitauandika kuwa chembe ya mikroni 25, ilhali chini ya hadubini ungeuona vile ulivyo: msumari wa mikroni 100 unaokwangua beringi.

Sasa spektrometa. Ile ya elektrodi inayozunguka huchoma oili kwa cheche, atomi za kila metali hutoa mwanga wa rangi zake, na mashine husoma ukali wa kila rangi. Ni kifaa kizuri sana kwa uchakavu wa polepole. Lakini chembe ikizidi mikroni 5 hadi 10 hivi, cheche haiimalizi kuichoma, na kubwa zaidi hata haionekani. Hiyo ppm 38 ni ya unga laini tu. Kumbuka pia kwamba chembe moja ya mikroni 50 ina ujazo sawa na chembe 1,000 za mikroni 5. Giaboksi inaweza kumwaga magamba makubwa kutoka kwenye meno ya gia huku chuma kwenye ripoti kimetulia palepale. Kwa hiyo 35 kwenda 38 haikuhakikishii usalama. Nasema hivi kwa sababu naona unaitegemea namba hiyo kumzuia mkubwa wako.

Unabaki na mawili: ama vivuli vya uongo, ama magamba ya kweli. Tuanze na maji, kwani kipimo chake hakigharimu kitu. Pasha bamba la moto hadi nyuzi 160 hivi, vaa miwani ya kazi, dondosha tone la oili. Likichemka kwa vipovu na kutoa mlio wa kukaanga, lina maji. Kipimo hiki hushika maji ya kuanzia asilimia 0.1 au pungufu kidogo, kutegemea jicho la mpimaji.

Hewa ndiyo yenye hila. Wengi huiacha chupa mezani usiku kucha "ili vipovu vitoke." Tupige hesabu. Kiputo cha mikroni 20 ndani ya oili ya VG 220 yenye nyuzi 40 hupanda kwa mikroni 1 hivi kwa sekunde. Kusafiri sentimita 5 kitachukua karibu saa 14, na oili ikiwa baridi zaidi ni muda mrefu kuliko huo. Chembe ya chuma ya ukubwa huohuo, ikiwa na umbo la mpira, huzama kwa kasi ya mara 8 ya hiyo, yaani itafika chini ya chupa kwa chini ya saa 2. Umeona tatizo? Ukingoja hewa itoke, kitu ulichokuja kukipima kimeshalala chini. Njia sahihi ni kutikisa chupa kwa nguvu, kutoa hewa haraka kwa pampu ya ombwe au kwa bafu la mawimbi ya sauti, na kupima mara moja. Waulize maabara kama walifanya hivyo. Waulize pia kama waliizimua oili kwa mchanganyiko wa tolueni na isopropanoli kabla ya kuhesabu. Mchanganyiko huo huyeyusha maji yakapoteza kivuli, hupunguza uzito wa oili na hutenganisha chembe zilizosongamana. Namba zikianguka baada ya kuzimua, hata ukishazidisha kwa kiwango ulichozimulia, mtuhumiwa wako alikuwa maji au hewa.

Sasa nifike kwenye kipimo ambacho kingemaliza ubishi wenu kwa nusu saa: utando wa chujio na hadubini. Chukua mililita 25 za oili, zizimue kwa kiyeyushi kilichochujwa, zipitishe kwa pampu ya ombwe kwenye utando mweupe wa kipenyo cha milimita 47, suuza, kausha, weka chini ya hadubini kwa ukuzaji wa mara 100. Hewa imepita. Silikoni imepita. Kilichobaki kwenye utando ni kitu kigumu, na unakiona kwa macho yako.

Hapo ndipo utamu wa kazi hii ulipo, kwa sababu kila aina ya uchakavu ina chapa yake. Vigamba vyembamba, laini, vilivyo chini ya mikroni 15, ni uchakavu wa kawaida. Kila mashine inavyo. Vipande vilivyojikunja kama chenga za mashine ya kukereza ni vya kukatwa: kuna mchanga umejikita kwenye metali laini, au kingo kali imegusa isipopaswa. Vipande bapa vyenye mistari sambamba juu yake vimetokana na nyuso zilizosuguana bila utando wa oili wa kutosha, na vikiwa na rangi ya samawati au kahawia basi vilipata joto kali. Magamba manene yenye kingo zilizovunjika na uso wenye mashimo hutoka kwenye meno ya gia au beringi iliyochoka. Halafu kuna vijipira vidogo vya chuma, mikroni 1 hadi 5, ambavyo mara nyingi hutokana na nyufa za uchovu ndani ya beringi. Lakini hata kulehemu na kusaga hutoa vijipira, kwa kawaida vikubwa kuliko hivyo, kwa hiyo uliza kwanza kama kuna mtu alilehemu karibu na mashine iliyofunguliwa. Punje angavu zinazopitisha mwanga ni mchanga. Nyekundu ni kutu, na kutu hukurudisha kwenye swali la maji.

Ukitaka kwenda mbali zaidi, ipo ferografia, iliyobuniwa na Vernon Westcott huko Marekani mwanzoni mwa miaka ya 1970. Oili hutiririshwa juu ya kioo kilicholazwa kwa mteremko juu ya sumaku kali. Chembe za chuma hujipanga kwa mistari, zile kubwa zikikamatwa mwanzoni pale oili inapoingia na ndogo zikifuata mbele. Hadubini yake hutumia mwanga mwekundu kutoka juu na wa kijani kutoka chini. Metali hurudisha ule mwekundu, na vitu vinavyopitisha mwanga huonekana vya kijani. Na kuna ujanja mmoja ninaoupenda: ukikipasha kioo hicho hadi nyuzi 330 kwa sekunde 90 hivi, chembe za chuma cha aloi kidogo cha beringi na gia hugeuka samawati, na za chuma cha kalibu huwa rangi ya majani makavu. Kwa giaboksi hilo hutofautisha gia na nyumba yake bila kufungua boliti hata moja. Kasoro yake ni moja, mpimaji asiye na uzoefu ataona anachotaka kuona.

Zipo pia mashine zinazopiga picha za chembe zikiwa zinapita, kwa mweko wa leza na kamera, kisha programu huzigawa kwa umbo: za kukatwa, za kusuguana, za uchovu, zisizo za metali. Viputo huviondoa kwenye hesabu kwa kuwa ni vya mviringo. Zinafanya kazi vizuri, ila umbo hulitambua kwa chembe za mikroni 20 na zaidi, na zinaona kivuli tu, bila rangi. Shaba ya kizimba cha beringi na chuma cha gia kwake ni weusi mmoja.

Kuhusu kununua: kwa giaboksi, nunueni hadubini na vifaa vya kuchujia. Hadubini yenyewe iwe ya metali, yaani yenye taa inayomulika kutoka juu kupitia lenzi, pamoja na kamera. Msikubali kuuziwa ile ya maabara ya biolojia yenye taa ya chini pekee. Chuma hakipitishi mwanga, kwa hiyo mtabaki mkiangalia vivuli tena, safari hii kwa macho yenu wenyewe. Lenzi za mara 10, 20 na 50 zinatosha. Kihesabio kingekuwa chaguo la kwanza kama mngekuwa na mifumo ya haidroli yenye vali za servo, ambako nafasi kati ya vyuma ni mikroni chache na vumbi laini ndilo adui. Kwa oili nzito ya gia kitawapa kelele nyingi kuliko habari.

Giaboksi msiifungue kwanza. Chukueni sampuli mpya mashine ikiwa inazunguka na oili ikiwa ya moto, katikati ya kina chake, si kwenye boliti ya kumwagia. Mwageni ile ya kwanza iliyolala kwenye mpira wa kunyonyea oili, na jazeni chupa robo tatu tu ili iweze kutikisika. Wakati huohuo toeni kizibo cha sumaku mkakitazame. Utando ukionyesha vigamba laini tu, rudini kwenye maji na hewa: kimo cha oili, sili ya shafti, tundu la kupumulia. Ukionyesha magamba ya mikroni 50 na kuendelea yenye mashimo au mistari, mkubwa wako alikuwa sahihi. Hata hapo anzeni na kifuniko cha ukaguzi na tochi, mzungushe gia kwa mkono jino baada ya jino, kabla ya kuishusha giaboksi nzima.