Tumwite Barack, Baraka au Okoth?

SWALI: Assalaam alaykum sheikh. Nilisilimu miaka mitatu iliyopita, naishi Manyatta hapa Kisumu. Mke wangu alijifungua mtoto wa kiume usiku wa mvua kubwa, na leo mtoto ana siku tisa. Mimi nataka aitwe Barack. Mke wangu anasema tuandike Baraka, ndivyo Waswahili wanavyosema. Baba yangu, ambaye ni Mkristo na anaishi Siaya, ameshaanza kumwita Okoth na hataki kusikia jingine. Jirani ninayeswali naye ananiambia Barack ni jina la Kiyahudi lenye maana ya radi, kwamba Mtume alikataza jina la Baraka, na kwamba Mwislamu haruhusiwi jina la Kijaluo. Nifanyeje?

JIBU: Waalaykum salaam warahmatullahi wabarakatuh. Umeona? Hata sijaanza kujibu, jina la mwanao limeshapita ndani ya salamu.

Jirani yako amechanganya maneno mawili yanayofanana sikioni. Kiarabu kina herufi kaf na kina herufi qaf. Sisi huku tunazitamka zote k, na hapo ndipo watu wanapopotezana. Baraka ni kwa kaf, na maana yake ni kheri inayotulia mahali na kuongezeka. Kwa mzizi huohuo Waarabu husema ngamia amepiga magoti akatulia, na birika, lile la maji ya udhu katika misikiti ya zamani ya pwani, limetoka humohumo kwa kuwa maji yametulia pale. Kiebrania ni ndugu wa Kiarabu, nacho kina mzizi huo: Baruku, mwandishi wa nabii Yeremia, jina lake ni "aliyebarikiwa". Umeme wa mawinguni ni neno jingine, kwa qaf: Waarabu husema barq, Waebrania husema barak. Yule shujaa wa Kitabu cha Waamuzi aliyekwenda vitani pamoja na Debora anatokana na huo umeme, ingawa Biblia ya Kiswahili imemwandika "Baraka mwana wa Abinoamu". Baba yako akikuletea aya hiyo, mwambie wafasiri nao hawakuwa na qaf. Ukitaka mfano wa karibuni, Ehud Barak wa Israeli ni umeme, na Hosni Mubarak wa Misri ni baraka.

Barack unayemkusudia wewe, yaani Obama aliyekuwa rais wa Marekani, ni wa kaf. Yeye mwenyewe alipohutubia Boston mwaka 2004 alieleza kwamba jina lake maana yake ni aliyebarikiwa. Babu yake, Hussein Onyango wa Kogelo, alikuwa Mwislamu, na ndiye baba wa Barack wa kwanza. Kwa hiyo jina hili halikuletwa na ndege kutoka Marekani mwaka 2008, wakati watoto wengi wa upande huu walipopewa. Liliondoka Siaya, likazunguka, likarudi.

Sasa suala la katazo. Hapa jirani yako ana alichokisikia, ila hakusikia hadithi hadi mwisho. Imamu Muslim amepokea kutoka kwa Jabir (r.a.) kwamba Mtume (s.a.w.) alitaka kukataza majina kama Ya'la, Baraka, Aflah, Yasar na Nafi', kisha akanyamaza, na akafariki bila kuyakataza. Sayyidna Umar naye alitaka kuyakataza, kisha akaacha. Katika hadithi ya Samura, ambamo majina ya namna hii yamekatazwa, sababu imetajwa: utauliza, "Yupo?" na utajibiwa, "Hayupo." Fikiria mtu anabisha mlango, "Baraka yuko ndani?" na sauti ya mama inajibu, "Humu ndani hakuna Baraka, ameenda Kibuye." Linakwaruza kidogo, sivyo? Imamu Nawawi alilichukua katazo hilo kuwa la kuchukiza tu, si la kuharamisha, na hiyo ndiyo kauli ninayoishika. Na mlezi wa Mtume, Ummu Ayman, mama yake Usama bin Zayd, jina lake alilozaliwa nalo lilikuwa Baraka, wala hatujui kwamba aliambiwa alibadilishe.

Lililonikera zaidi ni hilo la tatu, kwa sababu naona linavyowatesa waliosilimu. Majina mabaya aliyoyabadilisha Mtume yalikuwa ya Kiarabu! Bibi aliyeitwa Asiya, yaani mwasi, akamwita Jamila. Mzee aliyeitwa Hazn, ardhi ya mawe, alimtaka awe Sahl, ardhi laini. Mzee akagoma, akasema habadilishi jina alilopewa na baba yake, wala hakulazimishwa, japo mjukuu wake Said bin al-Musayyab alisema ukavu ule ulibaki katika ukoo wao. Kilichopimwa ni maana. Tena Ibrahim, Ismail na Is'haq, majina tunayoyagombania, asili yake si Kiarabu.

Basi pima Okoth. Koth ni mvua. Ni jina lilelile ambalo Wabukusu wanaliita Wafula na Wakalenjin wa kule Nakuru wanaliita Kiprop. Limebeba dhambi gani? Fungua Sura Qaf, aya ya 9: "Na tumeteremsha kutoka mbinguni maji yaliyobarikiwa." Neno lililotumika hapo ni mubarakan. Wewe na mzee wako mnagombana juu ya majina mawili ambayo Qur'ani imeyaweka katika aya moja. Hata huo umeme wa jirani, Sura ya Ra'd imeutaja pamoja na mawingu mazito ya mvua.

Mpaka mmoja nauweka. Ikiwa mzee anasema marehemu fulani amemjia ndotoni akidai jina, au kwamba mtoto atalia hadi atajiwe jina la juogi, yaani mizimu ya ukoo, hilo usilikubali, kwa sababu maiti hamlizi mtoto. Lakini kumkumbuka babu kwa jina lake, au kumkumbuka Mungu kwa usiku wa mvua aliyoiteremsha, hakuna ubaya.

Kwenye cheti cha kuzaliwa andikeni Baraka Okoth, au Barack Okoth ukishindwa kabisa kuiacha hiyo c. Mimi ningemfuata mkeo. Siku ya saba imepita, lakini wapo wanazuoni walioruhusu akika, yaani kumchinjia mtoto mchanga, siku ya kumi na nne, nawe bado una siku tano. Kwa mvulana ni mbuzi wawili, na mmoja akipatikana anatosha. Mpigie mzee simu leo, umtumie nauli ya kutoka Siaya. Nyama ya akika hata asiye Mwislamu hula.