Ukweli kwa mkubwa: jibu langu linapitia Dodoma, 1928

Mhariri,

Swali lenu la wiki hii linauliza kama msaidizi wa mkubwa amwambie bosi wake ukweli hata kama utamgharimu kibarua. Wengi watajibu ndiyo, maana nani atasimama hadharani kuutetea uchawa? Nami nasema ndiyo, tena amwambie kavu kavu. Shahidi wangu ni Sir Alan Lascelles, yule Mwingereza waliyemzoea kwa jina la Tommy, katibu aliyemvaa bosi wake Edward, mrithi wa kiti cha ufalme wa Uingereza, uso kwa uso. Na hakumvaa London wala Windsor. Ilikuwa Dodoma.

Kwanza mtu mwenyewe. Alizaliwa Dorset mwaka 1887, mjukuu wa Earl wa nne wa Harewood, ila kwa tawi la watoto wadogo wa ukoo, wale wanaobaki na jina huku mashamba yakienda kwa kaka mkubwa. Vita Kuu ya Kwanza alipigana Ufaransa akiwa katika kikosi cha farasi cha Bedfordshire Yeomanry, akafika ukapteni na kupewa nishani ya Military Cross. Akaenda Bombay kuwa mpambe wa gavana, ambaye alikuwa shemeji yake, na huko India akamwoa Joan, binti wa Lord Chelmsford, mtawala mkuu wa nchi. Mwaka 1920 akaajiriwa kuwa katibu msaidizi wa Edward, Mwana wa Mfalme wa Wales. Aliianza kazi kwa mapenzi, akiamini kijana yule ndiye tegemeo la dola. Miaka minane ikamtoa tongotongo.

Novemba 1928 Edward alikuwa huku kwetu. Alikuwa ameshukia Mombasa, akawinda na Denys Finch Hatton, mwindaji Mwingereza aliyeongoza wageni porini, msafara ukaingia Tanganyika. Nyuma huko London baba yake, George wa Tano, akaanguka kitandani kwa maambukizi ya pafu yaliyoingia kwenye damu. Mwaka huohuo mwanasayansi Alexander Fleming alikuwa ameuona ukungu wa penisilini maabara, lakini dawa yenyewe ilikuwa bado miaka zaidi ya kumi. Bila dawa hiyo, mara nyingi ilibaki kusubiri, ama mwili ushinde ama ushindwe.

Waziri Mkuu Stanley Baldwin akaanza kutuma telegramu za kumtaka mtoto arudi. Telegramu za siri za serikali hazikuja kwa maneno ya kawaida. Zilikuja kwa mafungu ya msimbo, na mtu alikaa na kitabu akiyafumbua fungu baada ya fungu. Ukikosea moja, sentensi nzima inaweza kuharibika. Kwa hiyo habari ilimfikia katibu kwanza, tena kipande kipande, naye alikuwa ameshaimeza yote kabla bosi hajaingia mlangoni. Nadhani hilo lilichangia joto la siku ile. Pale Dodoma Lascelles alikuwa amemaliza kufumbua telegramu ya mwisho, kali kuliko zote, Edward alipoingia. Akamsomea. Edward akajibu kwamba haamini hata neno moja, ni ujanja wa uchaguzi wa mzee Baldwin.

Lascelles akawaka. Alimwambia kwamba Mfalme wa Uingereza anakufa, na kama hilo kwake si kitu, kwao wao ni kitu kikubwa. Edward akamtazama, akatoka bila neno, na jioni iliyobaki akaimalizia na mke wa ofisa mmoja wa serikali wa palepale. Kesho yake asubuhi akamsimulia Lascelles mwenyewe.

Naomba nikae hapa kidogo, maana watu hulipita haraka tukio hili wakisha kulishangilia. Lascelles hakumtukana. Alimwita kwa heshima yake, na neno lenye uzito zaidi alilotumia lilikuwa "kwetu": hakudai haki yake binafsi, alisimama upande wa watu ambao Edward angewatawala. Hilo nalipenda. Lakini shuku ya Edward nayo haikuwa ya kipumbavu kabisa, kwani uchaguzi ulikuwa mlangoni na ulifanyika Mei 1929, Baldwin akashindwa. Na mfalme hakufa. Edward alipanda treni ya Reli ya Kati hadi Dar es Salaam, akachukuliwa na manowari Enterprise hadi Brindisi, Mussolini akampa treni ya kuvuka Italia, na Desemba 11 akawa London. Kesho yake daktari Lord Dawson akafanikiwa kulipata jipu kwa sindano, mbavu ikakatwa, usaha ukatolewa, na mzee akaishi hadi Januari 1936. Waliokuwa wakisema anakufa walisema ukweli wa siku ile, lakini mwenye kutaka kubisha alipata pa kushika.

Kingine ni kwamba tukio zima tunalijua kwa kalamu ya Lascelles, aliyeliandika miaka mingi baadaye. Huyohuyo ndiye aliyesimulia kwamba mwaka 1927, wakiwa Kanada, alimweleza Baldwin faraghani kuwa pengine heri mrithi yule avunjike shingo kwenye mbio za farasi. Sasa huo ni ukweli wa aina gani? Bosi hakuambiwa, aliambiwa Waziri Mkuu pembeni. Ndipo mkono wangu unapoanza kuwa mzito kwenye ile "ndiyo" ya kavu kavu.

Linganisheni Dodoma na mazungumzo ya Januari 1929. Lascelles alikuwa ameamua kuacha kazi. Edward akamuuliza sababu, na kwa karibu saa nzima, mlango umefungwa, akamwambia kila kitu alichokiona kwenye maisha yake, kama mtu anavyomwambia mdogo wake. Edward alisikiliza hadi mwisho, akakiri kwamba labda yeye si mtu wa kufaa kuwa Mwana wa Mfalme wa Wales, akashukuru, na asubuhi akampa zawadi ya gari. Tena aliyesema alikuwa hana tena cha kupoteza, kibarua alishakiacha. Lakini tabia haikubadilika: mwaka 1936 Edward aliuacha ufalme, na Lascelles, aliyekuwa amerudi ikulu, akaushuhudia mwisho.

Kazi yake bora kwangu ni ya 1944, akiwa katibu mkuu binafsi wa George wa Sita, mdogo wake Edward aliyeuchukua ufalme. Waziri Mkuu Churchill alitaka kupanda manowari Belfast akatazame askari wakishuka Normandy, pwani ya Ufaransa, na mfalme naye akataka kwenda. Katibu mwingine angehubiri juu ya hatari. Lascelles aliuliza swali: je, Mfalme yuko tayari kumwachia binti yake na mrithi, Princess Elizabeth, msichana wa miaka 18, ushauri wa nani amteue kuwa Waziri Mkuu, endapo meli itazama na wote wawili? Mfalme akaghairi, kisha akamwandikia Churchill, na barua ya pili Juni 2, mpaka naye akakubali kwa kununa. Hakuna aliyefokewa, na hakuna aliyepoteza kazi.

Msinielewe kwamba namfanya malaika. Peter Townsend, ofisa wa ikulu, alipomweleza kwamba yeye na Princess Margaret, mdogo wake Elizabeth, wanapendana, Lascelles alimjibu kwamba lazima awe ama mwendawazimu ama mtu mbaya. Townsend alikuwa chini yake. Kwa wa juu alijifunza kuuliza, kwa wa chini aliendelea kukata kwa panga, na hilo ni kosa la makatibu wengi ninaowafikiria, wa ikulu na wa ofisi za kawaida.

Basi, mkinibana nipige kura, nageuza kidogo nilivyoanza: amwambie, ila kwanza ajaribu swali ambalo jibu lake litasemwa na bosi mwenyewe, mlango ukiwa umefungwa. Na telegramu ikija usiku, mgonjwa yuko kilomita maelfu, na bosi anasema ni ujanja wa uchaguzi? Hapo hakuna muda wa swali. Kwa Dodoma ningemwacha Lascelles aseme vilevile alivyosema, hata kama yaliyofuata jioni ile yalikuwa yale yale.

Msomaji wenu