Usiache Kazi kwa Ajili ya Tarumbeta

Swali ninaloulizwa zaidi na vijana wanaopuliza ni hili: "Kaka, niache kazi nishike muziki moja kwa moja?" Jibu langu ni hapana. Nalitoa bila kuzungukazunguka, ingawa najua silo wanalolitaka. Mitandaoni wamejaa watu wa kuwaambia kwamba asiyeacha kila kitu hajaupenda muziki kweli.

Mimi mchana ni fundi wa AC na friji hapa Dar es Salaam. Jioni na wikiendi napuliza tarumbeta katika bendi ndogo ninayoiongoza: harusi nyingi, hoteli mara mojamoja, kipaimara kukiwa na mzazi mwenye nazo. Kijana akinibana sana kuhusu suala hili namtolea mfano wa mtu ambaye hata hajawahi kumsikia. Ni Mwingereza, Humphrey Lyttelton, aliyeongoza bendi ya jazi kwa miaka sitini na katika miaka hiyo yote hakuwahi kuitegemea bendi peke yake kwa ugali wake.

Alizaliwa mwaka 1921 Eton, kwenye shule maarufu ya watoto wa wakubwa wa Uingereza ambako baba yake alikuwa mwalimu. Kwa hiyo tukubaliane mapema kwamba hakuanzia chini. Lakini tarumbeta hakufundishwa na mtu. Akiwa na miaka 15 alitoroka mechi ya kriketi ya shule yake akaenda kununua tarumbeta kwenye maduka ya Charing Cross Road, London, kisha akajifunza mwenyewe kwa kusikiliza sahani za Louis Armstrong, mpiga tarumbeta maarufu wa jazi wa Marekani. Baada ya shule alipelekwa kufanya kazi kwenye kiwanda cha chuma Port Talbot, Wales. Vita ikaja, akawa ofisa wa jeshi, akashuka na kikosi chake ufukweni Salerno, Italia, mwaka 1943. Siku vita ilipokwisha Ulaya, tarehe 8 Mei 1945, alikuwa mitaani karibu na jumba la mfalme, kabebwa kwenye toroli huku akipuliza, na sauti ya tarumbeta yake ikaingia kwenye matangazo ya BBC yaliyokuwa yanarekodiwa pale.

Jamaa wa kupulizia ndani ya toroli. Hapo ndipo nilipoanza kumpenda.

Baada ya vita aliingia chuo cha sanaa Camberwell kusomea uchoraji. Mwaka 1947 akapiga na bendi ya George Webb, na mwaka 1948 akaanzisha yake. Mwaka unaofuata akaajiriwa na gazeti la Daily Mail kama mchora katuni, na hapo pana jambo ninalowaomba vijana walitazame vizuri. Mpiga klarineti wake, Wally Fawkes, naye alikuwa mchoraji wa gazeti hilohilo, na Lyttelton kwa muda alikuwa akimwandikia maneno ya katuni yake. Yaani wapulizaji wawili wa mbele wa bendi ya jazi iliyokuwa inatajwa kuliko zote Uingereza walikuwa wanashinda kutwa kwenye gazeti na usiku wanapanda jukwaani. Hakuna aliyewaambia kwamba hawajajitoa.

Baadaye akawa mtangazaji. Kipindi chake cha jazi kwenye redio ya BBC kilidumu kwa takribani miaka arobaini, mpaka Machi 2008. Tangu mwaka 1972 aliongoza pia kipindi cha vichekesho cha redio, na Waingereza wengi wanamjua kwa hicho kuliko kwa tarumbeta. Aliandika vitabu, aliandika magazetini kuhusu migahawa, na alikuwa na mwandiko wa kalamu ya wino uliomfanya awe rais wa chama cha watu wanaopenda mwandiko mzuri. Ukiisoma orodha hiyo haraka unaweza kudhani ni mtu asiyetulia. Mimi naiona kwa namna nyingine: kila shilingi iliyotoka nje ya bendi ilimpunguzia mtu wa kumwamrisha apige nini.

Tazama kilichotokea mwaka 1953. Wakati huo mashabiki wake walikuwa watu wa jazi ya zamani, ile ya New Orleans: mbele ni tarumbeta, klarineti na tromboni tu. Kwao saksafoni ilikuwa dalili ya kuuza dini. Lyttelton akamchukua Bruce Turner, mpiga saksafoni. Walipokwenda kupiga Birmingham, kundi la mashabiki likanyanyua bango ndani ya ukumbi likimwambia Turner arudi kwao, yule mchafu wa bibop, yaani jazi mpya ya wakati ule. Bango, ndani ya ukumbi, na tiketi wamelipia! Lyttelton hakumwondoa Turner. Aliendelea kubadilika mpaka mwishoni mwa miaka ya 1950 akawa na bendi kubwa yenye saksafoni kadhaa, inayopiga mipangilio ya kuandikwa. Mwaka 1957 Kathy Stobart, mwanamke aliyepiga saksafoni ya tenor, alikuja kushika nafasi ya mwenzao aliyeugua, na hata baadaye alirudi kupiga naye kwa miaka mingi. Mwaka 1952 Lyttelton alikuwa ameshachanganyika pia na wanamuziki wa Karibiani waliokuwa wakiishi London, akiwa na mpiga klarineti Freddy Grant kutoka Guyana, wakarekodi miziki ya huko.

Kiongozi anayetegemea mashabiki walewale wamlipie kodi ya nyumba asingethubutu. Hili nalijua kwa ngozi yangu. Bendi yetu ilianza kwa kupiga kopi za rumba na dansi la zamani, na kamati za harusi zilitupenda kwa sababu wazee wanacheza. Nilipoanza kuingiza nyimbo zangu, nyingine taratibu na zenye tarumbeta ndefu katikati, mwenyekiti wa kamati moja alinifuata nyuma ya jukwaa akaniambia hatutaitwa tena kama "mtaendelea kutulaza". Na kweli hawakutuita tena. Miezi ile AC za watu zilikuwa zinaharibika kama kawaida, nikawa nazisafisha, najaza gesi, nalipwa. Zile nyimbo nikazibakiza. Kama ningekuwa nimeacha ufundi, ningerudi kwenye kopi Jumamosi iliyofuata, na wala nisingemlaumu mtu.

Hapa kwetu tumeshaona upande wa pili wa jambo hili. Bendi nyingi za dansi Tanzania zilikuwa mali ya mashirika na vyama. NUTA Jazz iliundwa mwaka 1964 chini ya chama cha wafanyakazi, wanamuziki wakilipwa mshahara wa mwezi, vyombo ni vya mwajiri. Mshahara ulikuwa kitu kikubwa, silidharau hata kidogo. Muziki mtamu ulitoka humo na mpaka leo harusi haziishi bila huo. Lakini jina la bendi lilifuata jina la mwenye mali: chama kikiwa NUTA bendi ni NUTA, kikiwa JUWATA bendi ni JUWATA, kikawa OTTU ikawa OTTU, mpaka ikaja kujulikana kama Msondo Ngoma. Mwanamuziki aliyetaka kuhama alihama na mdomo wake tu, tarumbeta akiiacha stoo. Kwa hiyo kijana anaponiambia anatafuta mfadhili wa kumlea yeye na bendi yake, namuuliza kwanza: tarumbeta ni ya nani?

Lyttelton alilielewa hili la umiliki. Mwaka 1984, akiwa ameshapita miaka sitini, alianzisha lebo yake, Calligraph, akawa anatoa rekodi zake mwenyewe na za wenzake. Alikuwa ameshapita kwenye kampuni kubwa na anajua zinavyokwenda. Mwaka 1956 alirekodi kwenye kampuni ya Parlophone wimbo wa blues, wao wanne tu: tarumbeta, piano ya Johnny Parker, besi na drams. Unaitwa Bad Penny Blues. Fundi mitambo alikuwa kijana Joe Meek, aliyeinyanyua mno sauti ya mkono wa kushoto wa mpiga piano na ya brashi za drams, sauti ikatoka imekwaruza kidogo. Lyttelton alikuja kusema kwamba kama angeisikia kabla haijatoka, angeikataa. Ikafika nafasi ya 19 kwenye chati ya Uingereza, rekodi ya kwanza ya jazi ya Kiingereza kuingia 20 bora. Ile piano ndiyo inayosikika imejirudia miaka kumi na kitu baadaye kwenye Lady Madonna ya Beatles. Ndiyo sababu ukiwa studio usikae kichwani kwa fundi mitambo kila dakika. Ukishapiga, nenda kanywe chai, urudi usikilize kesho yake.

Sasa, kazi gani? Siyo kila kazi inaishi na tarumbeta. Nilikuwa na ajira ya zamu kwenye kampuni moja, wiki usiku wiki mchana, na zamu ya usiku iliua mazoezi ya bendi nzima kwa sababu nilikuwa napatikana wakati wenzangu wamelala. Niliondoka si kwa ajili ya muziki bali kwa ajili ya saa. Kujiajiri kama fundi kunaniruhusu kumwambia mteja nitakuja saa tatu asubuhi badala ya saa moja. Kuchora katuni, kuandika, kutangaza kipindi kinachorekodiwa mapema, zote hizo ni kazi za namna hiyo. Ualimu unafaa. Duka lako mwenyewe linafaa ukiwa na mtu mwaminifu wa kukaa. Udereva wa masafa usijaribu. Angalia pia mwili: kazi inayokuvutisha vumbi au rangi ya kupuliza kutwa nzima itakudai pumzi usiku, na pumzi ndiyo biashara yenyewe.

Na kazi isiwe kisingizio cha kuacha mdomo ulale. Mdomo wa mpuliza ukikaa wiki bila kazi unalegea, ukirudi kwenye shoo ya saa nne unavimba kabla ya keki kukatwa. Mimi napuliza asubuhi kabla ya kutoka, noti ndefu tu, taratibu, chini kwenda juu, nikiwa nimeziba mdomo mpana wa mbele wa tarumbeta kwa kitambaa ili jirani asinichukie. Siyo mazoezi ya kujionyesha. Zile noti ndefu hazina raha yoyote, ila bila hizo noti za juu zinageuka kelele ifikapo usiku wa manane. Vali, zile za kubonyeza kwa vidole, nazo zinataka mafuta yake. Najua wengi tunatumia mafuta ya cherehani kwa sababu yapo kila duka, lakini ni mazito, na ukichanganya na vumbi na jasho la hapa vali ya pili inaanza kukwama chini katikati ya wimbo. Agiza mafuta ya vali yenyewe, chupa moja inakaa muda mrefu. Na kabla hujatia mafuta mapya futa ya zamani, usiyabandike juu ya uchafu.

Jambo lingine la Lyttelton ninaloliiga ni kuongea. Alikuwa mcheshi wa hali ya juu, na alizungumza na watu kati ya nyimbo, akitambulisha kila mpigaji. Viongozi wengi wa bendi hapa mjini wanamwachia MC wa harusi kila neno, matokeo yake wageni wanaondoka wakijua jina la MC na hawajui la bendi. Sema mwenyewe. Sentensi mbili zinatosha: wimbo gani, nani anapiga solo. Utaona watu wanavyogeuza shingo kumtazama mpiga besi ambaye hakuna aliyekuwa anamwona.

Wengine watasema mfano wangu ni wa mtu wa tabaka la juu mwenye pa kuangukia. Ni kweli kwa kiasi. Lakini mwenye pa kuangukia angeweza kuacha kazi zote akapuliza tu, na yeye hakufanya hivyo. Inasemekana alikataa hata cheo cha kuitwa Sir. Aliendelea kusafiri na bendi mpaka mwaka aliofariki, 2008, mwezi wa Aprili, baada ya upasuaji, akiwa na miaka 86.

Ukitaka kumsikiliza, usianze na mambo ya 1948. Sauti ya rekodi ni chakavu na utakata tamaa. Anza na hiyo Bad Penny Blues, kisha tafuta rekodi alizofanya miaka ya 1960 na Buck Clayton, Mmarekani aliyepiga tarumbeta kwenye bendi ya jazi ya Count Basie. Sikiliza tarumbeta mbili zinavyopeana nafasi bila kugombana. Halafu ukitaka kushangaa, chukua albamu ya Radiohead ya mwaka 2001, Amnesiac, nenda wimbo wa mwisho. Wale vijana wa roki walimwandikia barua kuomba msaada, akaenda na bendi yake studio akiwa na miaka kama themanini. Vaa spika za masikio, maana ukitumia spika ya simu tarumbeta yake utaisikia nusu.